Barua ya wazi kwa wakuu wa chuo chetu kuhusu vitabu vya marejeo

Kwa:
Mwenyekiti wa Baraza la Chuo,
Makamu Mkuu wa Chuo,
Mkurugenzi wa Maktaba.

YAH: UHABA WA VITABU VYA MAREJEO VYA SAYANSI ZA JAMII NA MBINU ZA UTAFITI

Waheshimiwa,

Tafadhali husikeni na kichwa cha habari hapo juu.

Mimi ni mhadhiri msaidizi. Nafundisha mbinu za utafiti mwaka wa pili na nasimamia tasnifu za mwaka wa tatu. Hii si barua yangu ya kwanza kwenu. Ya kwanza niliipitisha kwa mkuu wa idara, ya pili kwa amidi, na ya tatu niliipeleka mwenyewe masijala, nakala yangu ikagongwa muhuri wa kupokelewa. Huu ni mwaka wa pili na sijapata jibu hata moja. Kwenye vikao nimeambiwa kwamba jambo limechukuliwa. Sijui limepelekwa wapi, na wanafunzi wanaendelea kuhitimu bila kulipata. Ndiyo maana leo naandika mbele ya watu. Sitaji jina la chuo wala la mtu yeyote, kwa sababu sina ugomvi na mtu, na kwa sababu wenzangu wanaofundisha kwingine wananiambia hali zao hazitofautiani sana na yetu.

Nianze na kitu nilichokishika mkononi. Semista iliyopita niliagiza darasa lisome sura ya uteuzi wa sampuli, yaani namna ya kuchagua watu wachache wa kuhojiwa kwa niaba ya wengi, kabla ya kipindi cha Alhamisi. Jumatano jioni nikapita maktaba kuhakikisha kitabu kipo. Mkutubi alikitoa nyuma ya kaunta, jalada limeshikizwa kwa solotepu, karatasi ya tarehe za kuazima imejaa mihuri hadi mstari wa mwisho. Nikafungua nionyeshe kurasa. Sura haikuwepo. Ilikuwa imekatwa kwa wembe karibu kabisa na mshono, kwa utulivu, ukurasa kwa ukurasa, hata nyuzi za mjalidi hazikuguswa. Binti mmoja wa darasani kwangu alikuwa amesimama pembeni akisubiri zamu yake. Akaniuliza, "Sasa mwalimu, tutasoma wapi?" Niliondoka bila kumjibu, na swali lake ndilo limenileta hapa.

Malalamiko yangu ni haya.

1. Chumba cha marejeo kinafungwa saa 9:30 alasiri, na Jumamosi hakifunguliwi. Vitabu vya marejeo haviazimwi, vinasomwa humohumo. Mwanafunzi mwenye vipindi hadi saa 11 anakiona chumba hicho kupitia kioo cha mlango. Hili halihitaji fedha nyingi, linahitaji ratiba ya zamu.

2. Nakala hazitoshi hata kidogo. Kila anayesahihisha proposo za utafiti nchini mwetu Tanzania analijua jina la C. R. Kothari, mwandishi wa India ambaye kitabu chake cha mbinu za utafiti, toleo la mwaka 2004, kimo karibu kila sura ya tatu ya tasnifu, ile ya mbinu. Analijua pia jina la Mugenda na Mugenda wa Kenya, walioandika kitabu cha aina hiyohiyo. Darasa langu lina wanafunzi zaidi ya 200, na nakala za vitabu hivyo vyote tukizijumlisha hazijai mikono miwili. Hata hivyo wanafunzi wote wanavinukuu. Wanavinukuu vipi? Kuna neno moja lililokosewa herufi kwenye nukuu ya Kothari ambalo nimelikuta kwenye tasnifu za miaka minne mfululizo, kosa lilelile, mahali palepale. Wananukuu tasnifu za kaka na dada zao waliowatangulia, kisha wanaandika jina la kitabu. Mimi msimamizi natia saini. Tumewafundisha kwamba kutaja kitabu usichokisoma ni kosa la kitaaluma, na hapohapo tumewawekea mazingira ambamo hawana njia nyingine.

3. Madhara yake si ya adabu ya kunukuu tu, yanaingia ndani ya utafiti wenyewe. Nitatoa mfano mmoja na nitakaa juu yake, kwa sababu ndio unaoniumiza zaidi.

Chukueni tasnifu yoyote kutoka rafu ya mwaka jana, mfungue sehemu ya ukubwa wa sampuli. Mtakuta "Yamane (1967)" na fomula yake: idadi ya watu, igawanywe kwa moja kuongeza idadi hiyohiyo mara kiwango cha kosa (yaani jibu la sampuli linaruhusiwa kupishana na hali halisi kwa kiasi gani) kilichozidishwa chenyewe kwa chenyewe. Taro Yamane aliandika kitabu cha takwimu ambacho toleo lake la pili lilitoka New York mwaka 1967. Maktaba yetu haina kitabu hicho. Sijakutana na mwanafunzi aliyekiona, na kwa uaminifu hata miongoni mwetu walimu sijui ni wangapi tumekigusa. Fomula inazunguka peke yake, kama dawa iliyotolewa kwenye pakiti na karatasi ya maelezo ikatupwa.

Na karatasi ya maelezo ndiyo yenye mambo. Fomula hiyo inakadiria uwiano, kwa mfano ni kaya ngapi kati ya mia zina choo bora. Inachukulia kwamba kiwango cha uhakika ni asilimia 95, kwamba jamii imegawanyika nusu kwa nusu juu ya jambo linaloulizwa, na kwamba kila mtu ana nafasi sawa ya kuchaguliwa. Mwanafunzi anaitumia, kisha aya inayofuata anaandika kwamba aliwateua wahojiwa kwa makusudi. Mambo hayo mawili hayakai pamoja. Mwingine anafanya mahojiano ya kina kuhusu uchungu wa kufiwa, ambako hakuna uwiano wa kukadiria, na bado anapiga hesabu ya Yamane.

Kuna jingine. Mwanafunzi akiona sampuli imekuwa kubwa kuliko bumu lake, yaani fedha zake za mkopo, anapandisha kiwango cha kosa hadi asilimia 10. Hapo, kata iwe na watu 3,000 au mji uwe na watu 50,000, jibu litakuwa 97 au 100. Ndiyo sababu tasnifu zetu zimejaa wahojiwa 97, 98 na 99. Kwa kosa la asilimia 5, kijiji cha watu 10,000 kinadai wahojiwa 385, na Tanzania nzima, kwa watu 61,741,120 waliohesabiwa kwenye sensa ya 2022, inadai 400. Mwanafunzi anayeliona hilo mara ya kwanza hushtuka, na ni vizuri ashtuke, kwa sababu hapo ndipo maswali yanapoanza: mbona nchi nzima imezidi kijiji kwa watu 15 tu? Na je, watu 400 niliowatoa mitaa minne ni sawa na watu 400 waliotawanyika nchi nzima? Si sawa. Majirani wa mtaa mmoja hufanana kwa kipato, maji, shule na mengineyo, kwa hiyo mhojiwa wa kumi wa mtaa uleule anaongeza taarifa kidogo kuliko wa kwanza. Kitabu kizuri cha marejeo kinalieleza hilo kwa kurasa mbili tatu. Darasani nalieleza kwa dakika kumi, watu 200, spika moja mbovu.

4. Rejea kubwa tulizonazo ni za zamani na zina mapengo. Ensaiklopidia ya kimataifa ya sayansi za jamii ya mwaka 1968, iliyohaririwa na David Sills, ilitoka kwa majuzuu 17. Sisi tuna baadhi tu, mengine hayajulikani yalipo. Ni kazi ninayoiheshimu na sitaki itupwe. Lakini mwaka 2001 ilitoka nyingine ya majuzuu 26, chini ya uhariri wa Neil Smelser na Paul Baltes, na mwaka 2015 likatoka toleo lake la pili. Kuna pia ensaiklopidia ya mbinu za utafiti wa jamii ya mwaka 2004, majuzuu matatu tu. Hatuna hata moja kati ya hizo, si kwa karatasi wala kwa mtandao.

Pengine kuna atakayeuliza ensaiklopidia inamsaidia nini mwanafunzi wa shahada ya kwanza. Inampa neno, historia ya mabishano juu ya neno hilo, na majina ya kuendelea nayo. Chukueni uthabiti wa kipimo na uhalali wa kipimo, maneno mawili yanayochanganywa katika tasnifu nyingi ninazosoma. Mimi hutumia mfano wa mizani ya muuza nyama iliyoharibika, kila kitu inakiongezea robo kilo. Pima mara kumi, itakupa jibu lilelile mara kumi. Ni thabiti, lakini si halali. Mfano huo unamfikisha mwanafunzi mlangoni tu. Akitaka kujua uhalali unathibitishwaje pale unapopima kitu kisicho na kilo, kama imani ya wananchi kwa serikali yao ya kijiji, anahitaji kitabu.

5. Ya kwetu wenyewe hayapo rafuni, na hili linanihuzunisha kuliko mengine yote ya maktaba. Tangu Uhuru nchi yetu imefanya sensa mwaka 1967, 1978, 1988, 2002, 2012 na 2022. Tunazo ripoti kadhaa za sensa hizo. Nimeziona kwa macho yangu kwenye masanduku ya makaratasi, korido ya nyuma, chini ya dirisha linalovuja masika. Hazijaingizwa kwenye katalogi, kwa hiyo kwa mwanafunzi hazipo.

Darasani tunafundisha utafiti shirikishi, ule ambao wanajamii wanautafiti pamoja na mtafiti, kwa vitabu vya Uingereza na Marekani, wakati Tanzania ya miaka ya 1970 ni miongoni mwa mahali mbinu hiyo ilipozaliwa. Marja-Liisa Swantz, Mfini aliyeishi na Wazaramo na kuandika juu yao, alifanya kazi hiyo hapahapa, na mradi wa utafiti wa Jipemoyo ulifanyika na wanakijiji wa wilaya ya Bagamoyo. Mwanafunzi wangu aliyezaliwa Bagamoyo hakuwahi kulisikia jina hilo hadi nilipolitaja. CODESRIA ya Dakar, baraza la utafiti wa sayansi za jamii barani Afrika lililoanzishwa mwaka 1973, inachapisha wanasayansi ya jamii wa Afrika, na vitabu vyake vingi vinapatikana bure. Rafuni kwetu hamna.

Na kuna suala la lugha. Hojaji zetu tunazitunga kwa Kiingereza, tunazitafsiri usiku wa kuamkia safari, tunakwenda kuwauliza watu wanaoishi kwa Kiswahili. Nilipokuwa nafanya utafiti wangu wa uzamili, katika kijiji kimoja cha Rufiji, nilimsomea bibi mmoja kauli kwamba huduma za zahanati zimeboreka, nikampa majibu matano achague, kuanzia "sikubali kabisa" hadi "nakubali kabisa". Ngazi hiyo ni ya Rensis Likert, mwanasaikolojia wa Marekani, ya mwaka 1932. Bibi alinitazama, akasema, "Mwanangu, nimekwambia dawa hakuna. Sasa hilo la kukubali kidogo unalitoa wapi?" Nikaandika namba 2 nikaendelea. Leo najua nilipaswa kusimama hapo, nijiulize kama kauli yangu inaulizika kwa Kiswahili, na kama ngazi ile inamaanisha kwake kile inachomaanisha kitabuni. Sikuwa na rejea hata moja ya Kiswahili ya kunionya. Wanafunzi wangu bado hawana. Mmoja anaandika dodoso, mwingine hojaji, wa tatu anaandika sampuli lengwa na hajui kama ndiyo ileile ya makusudi ya mwenzake.

6. Milango iliyofunguliwa kwa ajili yetu hatuiingii. Mpango wa kimataifa wa Research4Life unatoa majarida na vitabu vya mtandaoni kwa nchi za kipato cha chini na cha kati, bure au kwa bei ndogo, na tangu mwaka 2018 programu yake mojawapo iitwayo GOALI inahusu sheria pamoja na sayansi za jamii. Tanzania imo katika nchi zinazostahili. Niliuliza nywila za chuo chetu, nikaelekezwa kwa mtu ambaye yuko masomoni. Nikauliza nani amekaimu, sikupata jina.

Waheshimiwa, najua majibu yanayoweza kutolewa, kwa sababu nimeshayasikia kwa mdomo.

Mtasema fedha hakuna. Naamini bajeti ni finyu. Lakini zamu za Jumamosi, katalogi ya masanduku ya sensa, usajili wa Research4Life na kupakua vitabu vya CODESRIA si mambo ya mamilioni. Na kwa yale yanayohitaji fedha, wanafunzi wanalipa ada ya maktaba kila mwaka. Naomba tuonyeshwe imenunua nini.

Mtasema siku hizi kila kitu kiko mtandaoni. Kilichopo kwa mwanafunzi wetu ni nakala zilizopigwa skani vibaya, zinazorushwa kwenye makundi ya simu, nyingine hazina ukurasa wa mbele, hivyo hajui ni toleo la mwaka gani. Anazisoma kwa bando lake mwenyewe. Rejea kubwa nilizozitaja hazifunguki bila chuo kulipia. Na sasa wapo wanaoiuliza akili mnemba iwatafutie marejeo. Nimeletewa orodha yenye mwandishi wa kweli, mwaka wa kweli na kitabu ambacho hakijawahi kuandikwa. Mwanafunzi hakukusudia kudanganya. Hakuwa na rafu ya kwenda kuhakiki.

Mtasema wanafunzi wanachana vitabu. Ni kweli, nimeanza na wembe huo mimi mwenyewe, na aliyefanya vile alikosea. Hata hivyo sijawahi kukuta ukurasa uliokatwa kwenye kitabu chenye nakala 20. Wanakata kile kilichobaki kimoja, wiki ya mtihani. Mkifunga vitabu kaunta mmelinda karatasi na kumnyima msomaji.

Na yupo atakayesema vijana hawa hawasomi. Naomba siku moja mpite saa 9 alasiri mlangoni pa chumba cha marejeo, mtazame foleni.

Ninachoomba, kwa heshima na kwa msisitizo, ni hiki. Kabla ya semista ijayo kuanza, chumba cha marejeo kifunguliwe hadi saa 2 usiku siku za kazi na nusu siku Jumamosi. Nywila za Research4Life zipatikane kwa kila mwalimu na mwanafunzi, na wakutubi wapewe nafasi ya kutufundisha namna ya kuzitumia. Ripoti za sensa zitoke korido ziingie kwenye katalogi. Ndani ya mwaka huu wa masomo, zinunuliwe nakala zisizopungua 20 za kila kitabu cha msingi cha mbinu za utafiti kilichomo kwenye mitaala yetu, pamoja na matoleo mapya ya rejea kubwa angalau kwa mtandao, na kazi za waandishi wa Afrika Mashariki zipewe fungu lao. Na iundwe kamati ndogo ya walimu wa sayansi za jamii na wa Kiswahili iandae faharasa ya istilahi za utafiti, yenye maelezo na mifano ya maswali yaliyojaribiwa vijijini na mitaani kwetu. Hiyo ya mwisho niko tayari kuifanyia kazi bila posho.

Naomba jibu la maandishi ndani ya siku 30, libandikwe pia kwenye ubao wa matangazo wa maktaba ili wanafunzi walisome.

Kuhusu masanduku ya sensa, mvua za masika haziko mbali. Nimeshazungumza na wanafunzi kumi wa mwaka wa tatu, nao wako tayari kuja Jumamosi yoyote mtakayotupangia, tuyabebe hadi ghorofa ya kwanza na kuorodhesha yaliyomo. Tunachohitaji ni mtu wa kutufungulia mlango.

Wenu katika ujenzi wa Taifa,

Mhadhiri msaidizi, somo la mbinu za utafiti